Mimbari na Ofisi ya Umma: Watumishi wa Kanisa Katika Utumishi wa Taifa, Wakitazamwa Kutoka Kalerwe

Mtumishi wa kanisa anayeshika kazi ya umma hutumikia mabwana wawili, na kila mmoja humdai siku nzima. Kanisa linamtaka awe wa wote: wa chama tawala, wa upinzani na wa yule asiyepiga kura kabisa. Siasa inamtaka achague upande na aseme hadharani. Nchini Uganda wako maaskofu, mapadre na wachungaji waliojaribu kubeba mizigo hiyo miwili. Baadhi wameacha alama ya kudumu katika maisha ya taifa, wengine wamesimamishwa huduma za altareni, na mmoja aliuawa.

Kalerwe ni mahali pazuri pa kulitazamia jambo hili. Mtaa huo uko Divisheni ya Kawempe, kaskazini mwa Kampala, pale Barabara ya Gayaza inapokatana na barabara ya mzunguko wa kaskazini. Soko lake la matoke, viazi na nyanya hulisha sehemu kubwa ya jiji, na mvua kubwa ikinyesha maji ya mfereji wa Nsooba huwakumbusha wakazi kwamba sehemu ya mtaa huo ilikuwa kinamasi. Hakuna mwanasiasa wa Kampala anayepuuza soko kama hilo. Makanisa nayo hayalipuuzi. Mwanglikana wa Kalerwe yuko chini ya Dayosisi ya Namirembe, Mkatoliki yuko chini ya Jimbo Kuu la Kampala lenye makao Rubaga, na mlokole yuko chini ya mchungaji wake, ambaye mara nyingi hana mtu mwingine juu yake. Tofauti hiyo ya usimamizi huonekana ndogo siku za kawaida. Mchungaji akitaka kugombea ubunge, huwa ndiyo jambo lenyewe.

Wakati wa uhuru, swali halikuwa kama kiongozi wa dini agombee. Vyama vyenyewe vilikuwa na harufu ya dini. Chama cha DP, kilichoanzishwa mwaka 1954, kilihesabiwa kuwa cha Wakatoliki hata wapinzani wake wakatania kwamba herufi hizo ni kifupi cha "Dini ya Papa". UPC ilionekana kuwa ya Waprotestanti. Katika hali hiyo, neno la askofu lilikuwa na uzito wa kura hata kama jina lake halikuwa kwenye karatasi.

Joseph Kiwanuka aliujua uzito huo. Alikuwa Mwafrika mweusi wa kwanza wa nyakati hizi kuwa askofu Mkatoliki wa Kilatini, aliyewekwa wakfu Roma mwaka 1939 na kupewa Masaka, kisha akawa Askofu Mkuu wa Rubaga. Novemba 1961 alitoa waraka wa kichungaji juu ya Kanisa na serikali. Sehemu iliyowasha moto ni ile iliyowaonya wafalme wasijitose katika siasa za vyama, kwa kuwa mfalme akiwa na chama, wasio wa chama hicho watamwona adui. Mwaka huohuo kilikuwa kimezaliwa chama cha Kabaka Yekka, cha kumtetea Kabaka, mfalme wa Buganda, na maana ya waraka haikumpita mtu yeyote Mengo, makao ya ufalme huo. Askofu mkuu mwenyewe alikuwa nje ya nchi. Serikali ya Kabaka ilimkamata msaidizi wake. Kiwanuka hakuwa na cheo chochote serikalini, wala hakukitafuta, lakini hoja yake imedumu kuliko vyeo vingi vya wakati ule. Ibara ya 246 ya Katiba ya mwaka 1995 inamkataza kiongozi wa jadi kushiriki siasa za vyama, na ibara ya 80 inamnyima sifa ya kuwa mbunge.

Inafaa kuisoma ibara hiyo ya 80 kwa makini, maana ina jambo ambalo wengi hulisahau. Inamzuia kiongozi wa jadi. Inamtaka mtumishi wa serikali ajiuzulu angalau siku 90 kabla ya siku ya uteuzi wa wagombea. Kuhusu askofu, padre, mchungaji au shehe haisemi neno. Ibara ya 7 inakataza nchi kuwa na dini ya taifa, na ibara ya 71 inakataza chama kujengwa juu ya msingi wa dini. Lakini kiongozi wa dini, kama mtu, yuko huru kabisa mbele ya sheria. Kabaka hawezi kuwa mbunge, mchungaji aweza. Kama kuna kizuizi, kitoke ndani ya kanisa lenyewe.

Janani Luwum, Askofu Mkuu wa Anglikana kuanzia mwaka 1974, ndiye anayetajwa zaidi linapozungumzwa suala la kanisa na dola. Februari 1977, baada ya nyumba yake kupekuliwa na askari usiku, maaskofu wa Anglikana walimwandikia Idi Amin barua ya wazi wakilalamikia mauaji na utekaji. Tarehe 16 mwezi huo Luwum aliuawa pamoja na mawaziri wawili, Erinayo Oryema na Charles Oboth Ofumbi. Serikali ilidai ni ajali ya gari. Askofu Festo Kivengere wa Kigezi alivuka milima usiku hadi Rwanda. Leo tarehe 16 Februari ni sikukuu ya taifa. Luwum hakuwa na nafasi ya kisiasa, na pengine ndiyo sababu kifo chake hakidaiwi na chama chochote.

Mlango wa kwanza, basi, ulikuwa wa neno: waraka na barua. Baada ya mwaka 1986 ulifunguka wa pili, wa uteuzi. Huu haupewi nafasi ya kutosha katika mijadala kwa sababu hauna kampeni wala mabango, ingawa matunda yake ni makubwa. Mfano ulio bora uko jirani na Kalerwe. Kutoka sokoni hadi Hospitali ya Mulago ni mwendo wa miguu, na huko Mulago, mwishoni mwa miaka ya 1980, wodi zilijaa wagonjwa wa UKIMWI ambao ndugu zao waliogopa hata kuwagusa. Shirika la TASO, lililoanzishwa mwaka 1987 na Noerine Kaleeba na wenzake, lilikuta watu wanaohitaji kwanza mtu wa kukaa nao. Mwaka 1989 mwanamuziki Philly Lutaaya alijitokeza hadharani kusema ameambukizwa. Mwaka 1992 serikali iliunda kwa sheria Tume ya UKIMWI ya Uganda, na uenyekiti wake ukapewa Misaeri Kauma, Askofu wa Namirembe tangu mwaka 1985.

Uteuzi huo ulikuwa wa busara kuliko ulivyoonekana. Daktari angeweza kueleza kirusi. Lakini ugonjwa huu uliwalazimu wazazi, walimu na wachumba kuzungumza mambo ambayo katika nyumba za heshima hayatajwi mezani, na mtu aliyeweza kuwapa ruhusa ya kuyataja alikuwa askofu. Kauma aliongoza dayosisi iliyozika waumini wake kila wiki. Hakuhitaji kusomewa takwimu. Barnabas Halem'Imana, aliyekuwa Askofu Katoliki wa Kabale, naye baadaye alipata kuwa mwenyekiti wa tume hiyo. Maambukizi, yaliyokadiriwa kufika karibu asilimia 18 ya watu wazima mwanzoni mwa miaka ya 1990, yalikuwa yameshuka hadi kati ya asilimia 6 na 7 miaka ya 2000 ilipofika katikati. Hakuna atakayesema maaskofu ndio walioyashusha peke yao, na ubishi kati ya kanisa na wizara juu ya kondomu haukuisha siku moja. Hata hivyo, nchi ambayo ilianza na kanisa mezani haikupoteza miaka ikigombana nalo mlangoni.

Katika dayosisi hiyohiyo ya Namirembe alitokea Kanoni Gideon Byamugisha. Mkewe alifariki mwaka 1991. Baadaye yeye mwenyewe akapimwa na kukutwa na virusi. Mwaka 1992 akasema. Anatambuliwa kuwa kiongozi wa dini wa kwanza barani Afrika kutangaza hadharani kwamba anaishi na VVU. Alifanya kazi ya UKIMWI katika dayosisi, akawa miongoni mwa waasisi wa mtandao wa viongozi wa dini wa Afrika wanaoishi na virusi au walioguswa navyo, na mwaka 2009 alitunukiwa Tuzo ya Amani ya Niwano ya Japani. Huu nao ni utumishi wa umma. Hakuna tangazo la serikali lililompa kazi hiyo.

Mashariki mwa Kongo mlango wa uteuzi ulimpeleka padre mmoja kwenye kiti kigumu zaidi. Apollinaire Malu Malu, padre wa Jimbo la Butembo-Beni katika Kivu ya Kaskazini, aliongoza tume ya uchaguzi iliyosimamia kura ya maoni ya katiba mwaka 2005 na uchaguzi mkuu wa mwaka 2006, wa kwanza wa vyama vingi baada ya miongo minne. Alirudi kuiongoza tume mpya mwaka 2013, akaondoka mwaka 2015 kwa sababu ya maradhi, na akafariki mwaka uliofuata. Kuandaa kura katika nchi isiyo na barabara, yenye waasi, ni kazi iliyomletea sifa. Kutangaza mshindi kulimletea maadui, wakiwemo waumini wa kanisa lake. Mwenyekiti wa tume ya UKIMWI anapambana na ugonjwa ambao hakuna anayeupigia kura. Mwenyekiti wa tume ya uchaguzi lazima amwambie mtu ameshindwa. Uteuzi, basi, si salama kwa jina lake tu. Usalama wake unategemea kazi yenyewe inagawa watu kiasi gani.

Mlango wa tatu ni kura, na hapa ndipo makanisa yanapoachana njia.

Kanisa Katoliki lina sheria iliyoandikwa. Sheria za Kanuni za mwaka 1983, kanuni ya 285, zinamkataza kleri kushika nyadhifa za umma zinazohusisha mamlaka ya kiraia, na kanuni ya 287 inamkataza kushiriki kwa vitendo katika vyama vya siasa, isipokuwa mamlaka ya kanisa ione kwamba haki za Kanisa au manufaa ya wote yanadai hivyo. Padre anayegombea anajua kinachomsubiri. Simon Lokodo, mmisionari wa Komboni kutoka Karamoja, alikijua. Alikuwa mbunge wa Dodoth Magharibi, na kuanzia mwaka 2011 alikuwa Waziri wa Nchi wa Maadili na Uadilifu kwa muda wa takriban miaka kumi. Aliendelea kuitwa Fada bungeni, katika magazeti na mitaani, ingawa kanisa lilikuwa limemzuia kutoa huduma za kipadre.

Lokodo alikuwa waziri aliyetenda kama paroko mwenye polisi. Februari 2012 aliivunja semina ya watetezi wa haki za mashoga mjini Entebbe. Walimpeleka mahakamani, na mwaka 2014 Mahakama Kuu ikatoa hukumu kwa upande wa serikali. Aliisukuma sheria ya kupambana na picha za ngono ya mwaka 2014. Mwaka 2018 alitangaza kupiga marufuku tamasha la muziki la Nyege Nyege, kisha serikali yenyewe ikaliruhusu. Waliomuunga mkono walisema hatimaye wamepata waziri anayeamini anachokisema. Waliompinga walisema wizara ya maadili ilisikika zaidi juu ya mavazi na muziki kuliko juu ya fedha za umma zinazoibwa, na hoja hiyo ni nzito: ofisi ile ilikuwa na jukumu la kuratibu vita dhidi ya rushwa. Baada ya uwaziri aliteuliwa kuwa mjumbe wa Tume ya Haki za Binadamu ya Uganda. Alifariki Geneva Januari 2022, akiwa safarini kikazi.

Mwaka 2021 padre mwingine, Charles Onen wa Jimbo Kuu la Gulu, alichaguliwa kuwa mbunge wa Laroo-Pece akiwa mgombea binafsi. Naye alisimamishwa huduma. Wapiga kura walimchagua wakijua hivyo. Inaonekana adhabu ya kanisa haimpunguzii mgombea kura. Kwa baadhi ya watu inamwonyesha kuwa mtu aliye tayari kugharamika.

Kanisa la Uganda, yaani Anglikana, halina ukali huo wa maandishi, lakini desturi yake ni kwamba kasisi anayeingia siasa za vyama huweka kando kazi ya parokia. Mchungaji Peter Bakaluba Mukasa alikuwa mbunge wa Mukono Kaskazini kisha mwenyekiti wa Wilaya ya Mukono, na jina "Mchungaji" halikumtoka. Kinyume chake ni Askofu Zac Niringiye, aliyekuwa askofu msaidizi wa Kampala kuanzia mwaka 2005. Mwaka 2012 alistaafu kabla ya umri ili apate nafasi ya kupigania utawala bora, akajiunga na kampeni ya Jumatatu Nyeusi dhidi ya wizi wa mali ya umma, na Februari 2013 alikamatwa Makerere akigawa vipeperushi. Hakugombea chochote. Alichofanya ni kuacha kiti kwanza, kisha kusema, na mpangilio huo una adabu yake: waumini wa dayosisi hawakulazimika kuamua kama wanamsikiliza askofu au mwanaharakati.

Walokole wana habari nyingine kabisa. Uamsho wa miaka ya 1930, uliovuka kutoka Gahini nchini Rwanda hadi Kigezi na kusambaa Afrika Mashariki, uliwafundisha watu kuuacha ulimwengu na mambo yake, siasa ikiwemo. Makanisa mapya ya kilokole yaliyoota Kampala baada ya mwaka 1986, mengi yakiwa ya mabanzi na mabati karibu na masoko, yalirithi jina bila kurithi haya hiyo.

Abed Bwanika ndiye mfano uliokwenda mbali zaidi. Ni daktari wa mifugo na mchungaji wa kanisa la kilokole jijini Kampala. Mwaka 2006, katika uchaguzi wa kwanza wa vyama vingi tangu mwaka 1980, aligombea urais akiwa mgombea binafsi na kupata kura 65,874, yaani asilimia 0.95. Mwaka 2011 alirudi na chama chake, PDP, akapata kura 51,708, asilimia 0.65. Mwaka 2016 akajaribu mara ya tatu, na bado hakufika asilimia 1. Makanisa ya kilokole nchini yana waumini kwa mamilioni. Kama walokole wangempigia kura mlokole mwenzao kwa sababu ya wokovu tu, hesabu ingekuwa tofauti kabisa. Mtu anayeshangilia mahubiri Jumapili anaweza, bila kuona ubaya wowote, kumpa kura mtu mwingine siku ya uchaguzi. Huo ndio ukomavu wa mpiga kura ambao wachambuzi wengi hawamhesabii.

Ushindi wa Bwanika ulikuja alipobadilisha kipimo. Mwaka 2021 aligombea Kimaanya-Kabonera, katika Jiji la Masaka, kwa tiketi ya NUP, chama kilichokuwa kikivuma Buganda yote, akaingia bungeni. Jimbo dogo na wimbi la chama vilimfikisha mahali ambapo mimbari na kampeni tatu za taifa hazikumfikisha. Baadaye alitofautiana na uongozi wa chama hicho na kusimama upande wa Mathias Mpuuga, aliyewahi kuwa kiongozi wa upinzani bungeni. Kauli za mchungaji zikageuka kauli za kambi.

Majirani wana mifano ya kupimia. Nchini Kenya, Mutava Musyimi alitoka kwenye ukatibu mkuu wa Baraza la Makanisa na kuchaguliwa mbunge wa Gachoka mwaka 2007. Wengi walimsikiliza zaidi alipokuwa nje ya bunge. Nchini Tanzania, Mchungaji Peter Msigwa aliiwakilisha Iringa Mjini kwa tiketi ya CHADEMA kuanzia mwaka 2010 hadi 2020, kisha mwaka 2024 akahamia CCM. Askofu Josephat Gwajima wa Kanisa la Ufufuo na Uzima alichaguliwa mbunge wa Kawe kwa tiketi ya CCM mwaka 2020. Juni 2025, baada ya yeye kulaani hadharani utekaji wa watu, serikali ilifuta usajili wa kanisa lake. Katika tukio hilo kuna funzo ambalo halihusiani na nani alikuwa na haki: mchungaji alisema, na mlango uliofungwa ulikuwa wa waumini.

Hapo ndipo Kalerwe inaporudi. Padre akigombea, jimbo linamtuma padre mwingine na misa ya Jumapili inaendelea. Kasisi wa Anglikana akiondoka, dayosisi inajaza nafasi. Katika kanisa dogo la kilokole, mwanzilishi ndiye mchungaji, mara nyingi ndiye mwenye jina kwenye mkataba wa kiwanja, ndiye mwenye saini benki, na wakati mwingine mkewe ndiye mhazini. Akigombea, hakuna wa kumsimamisha wala wa kumpokea kijiti. Gari la kwaya linageuka gari la kampeni. Spika za ibada zinapelekwa mkutanoni. Sadaka ya mwanamke aliyeshinda juani akiuza mafungu ya nyanya inanunua fulana za rangi ya chama asichokipenda. Akishinda, kanisa linabaki na mchungaji wa simu. Akishindwa, linabaki na deni, na washirika waliompigia kura mpinzani wake wanaacha kuja.

Kwa kuwa Katiba imenyamaza, makanisa hayo hayana haja ya kusubiri bunge. Siku 90 zinazodaiwa kwa mwalimu wa serikali au mhasibu wa wilaya zaweza kudaiwa kwa mchungaji pia, na washirika wake wenyewe, kwa karatasi moja iliyosainiwa kabla fomu za uteuzi hazijachukuliwa. Karatasi hiyo iseme nani atashika mimbari, nani atatia saini benki, vyombo vya kanisa vitakaa wapi wakati wa kampeni, na mchungaji atarudi kwa utaratibu gani, akishinda au akishindwa. Wazee wa makanisa ya Kalerwe wanaombwa waanze kuiandika sasa, wakati hakuna mgombea miongoni mwao.